Maswali ya Wasomaji: Tommie Smith Baada ya Mexico City

SWALI: Ndugu Mhariri, katika ile picha mashuhuri ya Olimpiki ya mwaka 1968 yumo bingwa mweusi wa Marekani aliyeinua ngumi jukwaani. Mwenzangu anashikilia kwamba alinyang'anywa medali, akapotelea mbali. Mimi nimepata kusikia kwamba alikuja kuwa mwalimu wa chuo. Nani mkweli?
Msomaji, Tanga

JIBU: Ndugu msomaji, mkweli ni wewe. Tommie Smith alishinda mbio za mita 200 kwa sekunde 19.83, rekodi ya dunia iliyodumu hadi mwaka 1979, na medali yake ya dhahabu alibaki nayo. Alichopoteza ni nafasi yake katika timu, kwani kwa shinikizo la Avery Brundage, rais wa Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki, yeye na John Carlos, aliyeshika nafasi ya tatu, walitimuliwa kikosini na katika kijiji cha wanamichezo.

Ngumi ile haikuwa hasira ya ghafla. Smith alikuwa akisomea sayansi ya jamii katika chuo cha San José State, ambako mwanasosholojia Harry Edwards alikuwa ameanzisha harakati za wanariadha weusi zilizodai, pamoja na mambo mengine, kwamba Afrika Kusini na Rhodesia zisikaribishwe michezoni, Muhammad Ali arudishiwe ubingwa wake, na makocha weusi waongezwe. Dai hili la mwisho ndilo wengi wetu hulisahau, nalo ndilo Smith alilokuja kulitekeleza kwa mikono yake mwenyewe.

Haikuwa rahisi, kwa maana aliporudi nyumbani alipokelewa kwa vitisho na milango ya ajira ilikuwa migumu kufunguka. Kwa muda alicheza futiboli ya Kimarekani katika timu ya Cincinnati Bengals. Mwaka 1972 Jack Scott, mkurugenzi wa michezo wa chuo cha Oberlin, Ohio, aliyekuwa na nia ya kuubadili uendeshaji wa michezo vyuoni, alimwajiri, naye akawa kocha huku akifundisha sosholojia ya michezo, somo ambalo, tukisema kweli, wachache walikuwa na haki ya kulifundisha kuliko yeye. Alipata pia shahada ya uzamili katika sosholojia. Kuanzia mwaka 1978 alifundisha na kunoa wanariadha katika chuo cha Santa Monica, California, ambacho hutoa masomo ya miaka miwili, akakaa huko miaka 27 hadi alipostaafu mwaka 2005. Mwaka huohuo San José State kilimtunuku udaktari wa heshima, na sanamu yake na Carlos ikasimamishwa chuoni hapo kwa juhudi zilizoanzishwa na wanafunzi.

Huenda mwenzako aliichukua adhabu ya kufukuzwa kikosini akadhani ni kunyang'anywa medali. Carlos naye hakuvuliwa yake ya shaba, na baadaye alifanya kazi miaka mingi katika shule ya sekondari huko Palm Springs, California.