Kabla ya Kuamini Kitabu cha Historia ya Wamongolia, Mjue Aliyekiandika

Nimesoma historia ya Wamongolia kwa miaka kumi na minane sasa, na katika sita ya mwanzo nilisoma vibaya. Nalisema hili wazi kwa sababu kosa langu ndilo ninaloliona kwa karibu kila kijana anayenijia kuazima kitabu. Nilisoma kila ukurasa kana kwamba mwandishi wake alisimama kilimani akiyatazama mambo yote kwa utulivu, ilhali maandishi makuu ya zamani tuliyo nayo juu ya dola ile yalitoka mikononi mwa watu waliokuwa na jambo la kulinda: wana wa ukoo wa Genghis Khan, mwanzilishi wa dola hiyo, makatibu waliolipwa na ukoo huo, wanazuoni walioukimbia, au wajumbe waliotumwa kuupeleleza.

Nilizinduka siku niliyopewa nafasi ya kutoa mhadhara mfupi mbele ya walimu wenzangu. Nilieleza jinsi mji wa Merv, katika nchi ya Khorasan mashariki mwa Uajemi ya kale, ulivyotekwa na Wamongolia mwaka 1221, nikataja bila kusita kwamba waliouawa walikuwa 1,300,000. Mwalimu mmoja mstaafu aliinua mkono akauliza ni nani aliyewahesabu, na mji wenyewe ulikuwa na wakazi wangapi kabla ya vita. Sikuwa na jibu. Usiku ule nilirudi kwa Juvaini, mwandishi wa Kiajemi ambaye idadi hiyo imetoka kwake, nikagundua kwamba sehemu ya jibu ilikuwa palepale nilipopita mbio: anasimulia kwamba sayyid mmoja na wenzake walihesabu maiti kwa siku kumi na tatu, usiku na mchana. Kisha nikamfungua Ibn al-Athir, aliyekuwa hai na akiandika huko Mosul miaka hiyohiyo, nikakuta yeye anasema 700,000. Waandishi wawili wa tukio moja wanapishana kwa watu laki sita, na hakuna kati yao aliyekuwapo Merv. Tangu hapo nimezichukua idadi za namna hiyo kuwa kipimo cha hofu na msiba wa watu wa Khorasan, ambao ulikuwa wa kweli kabisa, na sijazitumia tena kama hesabu ya vichwa.

Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza ni kwamba usianze na kitabu cha zamani wala na kitabu cha vita. Anza na kitabu kimoja cha jumla cha mwanahistoria wa siku zetu anayeonyesha waziwazi habari zake zimetoka wapi. Kitabu kifupi cha David Morgan kuhusu Wamongolia, kilichotoka mwaka 1986 na kuongezwa sura mpya mwaka 2007, bado ndicho ninachompa mgeni, kwa sababu sura yake ya mwanzo inawachambua mashahidi kabla ya kusimulia lolote. Wengi huiruka sura hiyo wakitafuta farasi na mishale. Isome mara mbili.

Baada ya hapo ingia katika Historia ya Siri ya Wamongolia, kazi ya karne ya 13 na kitabu cha pekee kikubwa cha zama hizo kilichotoka kwa Wamongolia wenyewe kwa lugha yao. Namna kilivyosalia ni ya ajabu. Nakala ya mwanzo ya hati za Kimongolia imepotea, na kilichotufikia ni maandishi ya enzi ya Ming huko China, ambamo sauti za Kimongolia zimeandikwa kwa herufi za Kichina ili yatumike kuwafundisha wakalimani. Kina mafungu 282, na kiliandikwa kwa ajili ya ukoo wa Khan, si kwa ajili ya wageni. Ndiyo sababu kinasema mambo ambayo mtumishi asingethubutu kuyasema. Humo utasoma kwamba Temujin, ambaye baadaye ndiye Genghis Khan, alimuua nduguye wa baba mmoja, Bekhter, wakiwa bado vijana, na kwamba mama yao Hö'elün aliwakaripia kwa maneno makali sana kwa tendo hilo. Utasoma pia kwamba baba yake alipomwacha kwa wakwe aliomba mtoto huyo asitishwe na mbwa, kwa kuwa aliwaogopa.

Kuhusu tafsiri, chagua kwa uangalifu. Ile ya Cleaves, ya mwaka 1982, ni ya kisomi kweli, lakini Kiingereza chake kimeigwa kutoka Biblia ya kale na humchosha anayeanza. Ile ya Igor de Rachewiltz, ya mwaka 2004, ni majalada mawili ambamo maelezo yanazidi matini mara nyingi. Hiyo ni ya kurejelea unapokwama, na toleo lake lililopunguzwa maelezo limewekwa mtandaoni bure tangu mwaka 2015. Kwa usomaji wa mfululizo natumia tafsiri ya Christopher Atwood ya mwaka 2023.

Sasa nikupe zoezi ambalo limewasaidia wasomaji wenzangu kuliko maelezo yoyote. Chukua kisa cha kutekwa kwa Börte, mke wa Temujin. Historia ya Siri inasema Wamerkit, kabila adui, walimteka kulipiza kisasi cha zamani, wakampa mtu wao awe mkewe, na Temujin akamwokoa kwa vita akisaidiwa na Toghrul, mfalme wa kabila la Kerait, na Jamukha, rafikiye wa kuapizana. Jochi, mtoto wa kwanza, alizaliwa baadaye, na miaka mingi mbele nduguye Chagatai alimwita mwana haramu wa Kimerkit mbele ya baba yao. Ukimaliza hapo, soma kisa hichohicho kwa Rashid al-Din, waziri wa Mailkhani, yaani watawala wa Kimongolia wa Uajemi. Kwake Börte tayari alikuwa mjamzito alipotekwa, Wamerkit walimpeleka kwa Toghrul kwa heshima, na Toghrul akamtunza kama mke wa mwanawe kisha akamrudisha; mtoto akazaliwa njiani, akaviringishwa katika unga uliokandwa ili asiumie safarini. Hakuna vita, hakuna aibu, hakuna shaka juu ya baba. Rashid al-Din alikuwa mwanachuoni mkubwa, na katika kazi yake ya jumla alikusanya pia habari za Wachina, Wahindi na Wafaranga, yaani Wazungu. Hata hivyo, aliandika chini ya watawala wa damu ya Genghis Khan, na heshima ya mama wa ukoo huo haikuwa jambo la kuchezewa. Yeye mwenyewe aliuawa mwaka 1318 kwa tuhuma ya kumpa sumu mtawala Öljeitü. Ukilifanya zoezi hili kwa kalamu na daftari, visa viwili vikikaa kwenye kurasa zinazotazamana, hutasoma tena maandishi ya jumba la mfalme kwa macho ya zamani.

Juvaini naye anastahili uvumilivu wa pekee. Ukoo wake wa Khorasan uliwatumikia watawala waliotangulia, kisha ukawatumikia Wamongolia. Mwaka 1256 alifuatana na Hulagu, mjukuu wa Genghis Khan, hadi ngome ya Alamut, akaruhusiwa kuipekua maktaba ya Waismailia. Akaokoa misahafu na vyombo vya elimu ya nyota, na vitabu alivyoviona vya upotofu akavichoma. Baada ya Baghdad kuanguka mwaka 1258 alikabidhiwa kuitawala. Ndiyo maana katika sura moja anaililia nchi yake na katika nyingine anawasifu walioivunja. Wapo wanaomwita mnafiki na kumweka kando. Mimi naona huo ni uonevu, kwa kuwa mtu aliyeishi ndani ya msiba na kuendesha ofisi za waliouleta anatuonyesha utawala wao kwa undani ambao Ibn al-Athir, akiwa mbali na akitegemea wakimbizi, asingeweza kuuona.

Hapa msomaji wa Kiswahili ana faida ambayo asiipuuze. Anayekutana na jina Jami al-tawarikh, ile kazi ya Rashid al-Din, hatashindwa kusikia ndani yake jamii na tarehe, na maneno kama dola, hazina, waziri na sultani yatamlaki kila mahali. Majina ya watu, kinyume chake, yatamsumbua: Genghis, Chinggis na Jinkiz ni mtu mmoja, Hulagu na Hülegü ni mmoja. Zaidi ya hayo, Watatari walikuwa kabila adui ambalo Temujin alilivunja mwaka 1202, lakini Waarabu na Wazungu waliwaita Wamongolia wote kwa jina hilohilo. Tenga kurasa za mwisho za daftari kwa majina tu.

Najua wengi mnavutwa na vita, nami siwalaumu. Lakini vitabu vya vita vya Wamongolia ndivyo vinavyopotosha upesi zaidi, kwa sababu vinahesabu majeshi kwa kuzidisha. Jeshi liligawanywa kwa makumi, mamia, maelfu na tumeni, na tumeni kwa jina ni watu 10,000. Kwa vitendo vikosi vingi havikutimia. Anayekuambia kwamba tumeni kumi ni watu 100,000 kamili amekupa hesabu ya karatasini.

Jambo la kufuatilia ni majani. Askari wa Kimongolia alikwenda na farasi kadhaa, mara nyingi hufikiriwa kuwa watano, ili ampumzishe mmoja akimpanda mwingine. Basi jeshi la watu 20,000 lilihitaji malisho na maji ya wanyama wapatao 100,000 kila siku. Ukiwa na hesabu hiyo kichwani, soma habari za mwaka 1260. Hulagu aliiteka Aleppo, mji wa Syria, kisha akarudi mashariki na sehemu kubwa ya jeshi, akamwachia jemadari wake Kitbuqa kikosi kidogo, ambacho Wamamluki wa Misri chini ya Qutuz na Baybars walikishinda Ain Jalut, huko Palestina, tarehe 3 Septemba. Vitabu vingi hutaja sababu moja tu, kifo cha Khan Mkuu Möngke mwaka 1259. Lakini Hulagu mwenyewe, katika barua aliyompelekea mfalme Louis wa 9 wa Ufaransa mwaka 1262, alitaja upungufu wa malisho, na mwanahistoria John Masson Smith alionyesha mwaka 1984 kwa hesabu kwamba Syria ya kiangazi isingeweza kulilisha jeshi lile zima. Swali hilohilo linaulizwa juu ya kuondoka Hungaria mwaka 1242: ni kifo cha Ögedei, mwana na mrithi wa Genghis Khan, mwezi Desemba 1241, au ni mabwawa na baridi? Utafiti wa pete za miti uliochapishwa mwaka 2016 uliegemea masika yenye mvua nyingi yaliyofanya malisho kuwa matope, na wengine wameupinga. Usifanye haraka kuchagua upande. Weka ramani ya mvua na nyika karibu na ramani ya vita, ndipo usome.

Jihadhari pia na vitabu vya zamani vinavyoorodhesha vifungu vya Yasa, sheria kuu ya Genghis Khan, kana kwamba mwandishi aliishika mkononi. Hakuna nakala yake iliyosalia. Vifungu vile vimeokotwa kutoka kwa waandishi mbalimbali, baadhi yao wa Misri na wa baadaye sana. Na tazama kila mara mwaka na mahali kitabu kilipochapishwa, kwani hata nchini Mongolia somo hili liliwahi kuwa la hatari: mwaka 1962 maadhimisho ya miaka 800 ya kuzaliwa kwa Genghis Khan yalisimamishwa kwa shinikizo la Wasovieti, na kiongozi wa chama aliyeyasimamia akafukuzwa kazini.

Kwa upande wa utamaduni, mashahidi bora ni wasafiri. Mtawa William wa Rubruck, aliyefika Karakorum, mji mkuu wa Wamongolia, mwaka 1254, ana jicho la mtu anayeona njaa na baridi ya safari na kuziandika kama zilivyo. Ila kwa msomaji wa pwani yetu nina pendekezo jingine, nalo ni Ibn Battuta. Huyu alifika Mombasa na Kilwa mwaka 1331, na muda si mrefu baadaye akaenda hadi kwenye kambi ya Uzbeg Khan, mtawala wa Wamongolia wa nyika za kaskazini. Anza na kurasa zake za kwetu, kwa kuwa hapo unaweza kumpima. Anaposema watu wa Mombasa chakula chao ni ndizi na samaki, na nafaka huletwa kutoka bara, unamtambua mtu aliyekaa na kuuliza. Anaposema nyumba za Kilwa zote ni za mbao, huku magofu ya Husuni Kubwa na Msikiti Mkuu wa mawe yakiwa yamesimama hadi leo, unajua kwamba kumbukumbu ya msafiri aliyeihadithia safari yake zaidi ya miaka ishirini baadaye inaweza kuteleza, na kwamba Ibn Juzayy, aliyeyaandika masimulizi yake, alikuwa kati yake na sisi.

Ukiwa na kipimo hicho, nenda naye sasa hadi kwa Uzbeg. Utauona mji mkubwa unaotembea na watu wake, wenye misikiti na masoko, moshi wa majiko ukipanda hewani kwa sababu wanapika huku wakisafiri, na utamsikia akistaajabia heshima waliyopewa wanawake huko. Halafu atakuambia kwamba alikwenda hadi Bulghar, mji wa kaskazini karibu na mto Volga, na kurudi kwa siku chache, safari ambayo wanahistoria wengi hawaiamini. Chukua ramani, pima masafa kwa mwendo wa farasi, na uandike jibu lako pembeni mwa ukurasa.