Re: Shefflin alichezeaje timu mbili msimu mmoja?
Mkuu, umeuliza kama Henry Shefflin alihama klabu, maana unamwona na jezi mbili mwaka uleule. Hakuhama popote. Kwenye hurling, ule mchezo wa Ireland wa fimbo bapa na kampira ka ngozi, unachezea klabu ya kijijini kwenu, na ukiwa mkali unaitwa timu ya kaunti. Klabu yake Ballyhale Shamrocks, kaunti Kilkenny. Mshahara hakuna kote. Jamaa alikuwa anafanya kazi benki!

Akiwa na Kilkenny alibeba ubingwa wa Ireland mara 10, kuanzia 2000 hadi 2014. Ila fainali isiyonitoka kichwani ni ya 2010, aliyopoteza. Goti lilishachanika kwenye nusu fainali, akapangwa hivyohivyo, akatoka mapema tu kipindi cha kwanza. Tipperary wakawanyima kombe la tano mfululizo.

Machi 2015 akabeba ubingwa wa klabu, wa tatu kwake, na siku chache baadaye akastaafu kaunti. Kisha akawa kocha wa Ballyhale hiyohiyo, wakabeba tena 2019 na 2020.