Ada imesamehewa, fomu je?

Mwanangu,

Hujambo? Sisi hatujambo, baba yako anakusalimu. Umeniuliza: ikiwa chuo cha Fort Lewis hakiwatozi ada wanafunzi wa makabila ya wenyeji wa Marekani, ya nini kuhangaika na fomu za ufadhili za Window Rock, makao makuu ya Taifa la Wanavajo?

Kwanza, msamaha huo si hisani. Asili ya chuo kile ni ngome ya jeshi, kisha shule ya bweni ambako watoto walikatwa nywele na kukatazwa lugha zao. Mwaka 1911 serikali kuu iliikabidhi jimbo la Colorado ardhi na majengo kwa sharti kwamba wanafunzi wa makabila hayo wasome bila ada. Basi usiende kinyonge. Linalipwa deni.

Lakini ada ni ada tu. Kitanda, chakula, vitabu na mafuta ya gari kutoka Durango, kiliko chuo, kuja nyumbani havimo, na bili ya bweni haijui historia ya mtu. Kwa hiyo anza na FAFSA, fomu ya serikali kuu ya kuombea msaada wa masomo. Ndiyo inayokufungulia ruzuku ya Pell, ambayo kwa mwaka wa masomo 2024/25 ilifika hadi dola 7,395, na hairudishwi. Halafu omba kwenye ofisi ya ufadhili ya Taifa la Wanavajo. Wao wanataka chuo kiwajazie fomu ya kuonyesha umepungukiwa kiasi gani baada ya misaada mingine. Fomu hiyo ndiyo inayopenda kulala mezani kwa watu. Usitume barua pepe ukakaa. Nenda mwenyewe dirishani kwenye ofisi ya misaada ya chuo, uliza imefika wapi, wiki ijayo rudi tena, kwa adabu, mpaka wakuzoee. Mkopo uwe wa mwisho kabisa.

Na hilo la "mimi Mnavajo nusu tu": sheria yao inataka robo ya damu ya Kinavajo, wewe una nusu kwa baba yako, umo. Ni kweli Wanavajo ukoo wanaufuata kwa mama, na mama yako ni Mdigo wa Tanga (nasi zamani tulirithi kwa wajomba, kwa hiyo hawakunishangaza). Hayo ni ya kujitambulisha mbele ya wazee. Ofisini wanatazama cheti cha kiasi cha damu.

Cheti chako kimo kwenye sanduku la bati, pamoja na kadi zako za chanjo. Nakupigia picha leo usiku. Wakitaka chenyewe, niambie mapema nikitume kwa posta.

Mama yako