Uyoga wenye akili: "akasema" au "ukasema"?

Mkuu umesema unaandika hadithi ya fantasia, una kundi la uyoga unaong'aa gizani na una akili kama mtu, ila wasomaji wanakwambia hao ni binadamu tu umewavalisha kofia. Aisee hilo lilinikuta na mimi. Nilikuwa napandisha hadithi kila Ijumaa kwenye grupu la WhatsApp, uyoga wangu nikaupa jina Wang'avu, wanaishi pangoni, wana mfalme, wana mahakama, wana hadi ugomvi wa mirathi. Kufika sehemu ya tano watu wakaanza kujibu kwa dole gumba tu, unajua hiyo maana yake nini.

Kilichoniokoa ni ubishi wa sarufi, usicheke. Niliandika "uyoga akasema", dada mmoja mwalimu wa Kiswahili akanirukia, uyoga ni ngeli ya U, sema "uyoga ukasema". Jamaa mwingine akaja juu, kwani kiboko na kifaru si wana KI pale mbele na bado tunasema kiboko amelala, kitu kikiwa na uhai wa kujongea na kufikiri kinahamia kwa A-WA. Wakabishana mpaka usiku wa manane, mimi mwenye hadithi nimekaa kimya nasoma tu, halafu mtu mmoja ambaye huwa hachangii kabisa akauliza, na wingi wake je? Uyoga mmoja, uyoga kumi, si uyoga tu?

Hapo nikashtuka. Maana hata huko porini ndivyo ulivyo. Kile tunachochuma ni tunda tu, mwili wenyewe ni nyuzi nyembamba zimetambaa chini ya udongo na ndani ya miti. Kule Oregon, Marekani, kuna uyoga mmoja, mmoja kabisa kwa vipimo vya vinasaba, umeenea karibu kilomita za mraba 10 na umeishi maelfu ya miaka. Sasa mfalme wa nini? Mahakama ya nani? Askari akikata kichwa cha "mtu" mmoja pale ni sawa na kuangua embe.

Nikafuta wote. Pango zima likawa kiumbe kimoja. Wanakijiji wanaouogopa wanasema "unasikia", yule binti aliyelelewa pangoni yeye anasema "anasikia", na kwa hiyo silabi moja tu msomaji anajua nani yuko upande gani bila mimi kueleza. Lugha ya uyoga wenyewe ndo ilinitesa, kila kitenzi chetu kinadai mwenyewe, "mimi" haikukaa na "sisi" haikukaa. Mwisho nikaupa ngeli ya mahali. Hausemi "nina njaa", unasema "humu mna njaa". Binti akikanyaga vibaya, "hapo panauma". Mwalimu yule yule akanitumia voisi noti anasema amesisimka mwili.

Kuhusu mwanga, usifanye kosa langu la kuwasha pango kama uwanja wa mpira. Uyoga unaong'aa kweli mwanga wake ni wa kijani, hauna joto, na ni hafifu, mpaka macho yazoee giza ndo unauona. Na unahitaji oksijeni, bila oksijeni hauwaki. Hii niliitumia sana, kwangu wachimba madini wakiona ukuta umefifia wanakimbia, hewa imeisha. Halafu kuna ule wa Brazili unaoota chini ya miti ya jamii ya mnazi, wenyeji wanauita flor de coco, mwaka 2015 watafiti walionesha kwamba una saa yake ya ndani, unazidisha mwanga usiku, na walipoweka uyoga wa bandia wenye taa wadudu wakaja wengi kuliko kwenye ule usio na taa. Inaonekana mwanga unavuta wadudu na wadudu wanasaidia kusambaza spora, yaani ule unga ambao uyoga huzalia. Kwa hiyo wangu ukiwaka sana si urembo, unamuita mtu, na anayeitwa huwa hajui amekuja kubebeshwa nini.

Wewe anza na hilo la nani anamuita nani. Majina, ramani, vita, hivyo vitakuja vyenyewe, na kama una sehemu ambayo uyoga wako unaongea iweke hapa tuione, hata mistari mitano inatosha.