Kwa mnaopiga gitaa huku mnaandika tamthilia

Wadogo zangu mnaoingia bendi na mswada ndani ya begi, mtaulizwa: mbona huchagui kimoja? Mimi niliulizwa, nikatishika, nikaacha kuandika miaka minne. Ijumaa hadi Jumapili tulikuwa tunapiga kopi, yaani nyimbo za wengine, kwenye baa, nikajiona mtu wa gitaa tu.

Nilichokuja kuelewa baadaye, kwamba kazi hizi mbili zinalishana, Larry Kirwan, mwanamuziki na mwandishi wa tamthilia, alishakiishi. Ni mzaliwa wa Wexford, Ayalandi, akahamia New York. Alipiga muziki, miaka ya 1980 akauweka kando akaandika tamthilia, kisha mwaka 1989 akarudi jukwaani. Mwenzake alikuwa Chris Byrne, askari polisi wa jiji hilo aliyepiga zumari ya Kiayalandi, ile inayopata pumzi kwa mvukuto unaobanwa na kiwiko. Bendi wakaiita Black 47, kwa kumbukumbu ya 1847, mwaka mchungu kuliko yote wa Njaa Kuu ya Ayalandi.

Baa za Bronx, mtaa wa New York, zilitaka kopi, tena iliyonyooka noti kwa noti. Wao wakapiga nyimbo zao, zumari ikipishana na rege na hip hop, wakakejeliwa. Hawakubadilika. Walipata nyumbani Paddy Reilly's, baa ya Manhattan, katikati ya jiji hilohilo, na wateja wakawazoea.

Sasa sikilizeni wimbo wao uliovuma, Funky Céilí. Kijana kampa mimba binti wa watu. Baba wa binti anampa achague: ahasiwe, au ashike tiketi ya kuondoka isiyo ya kurudi. Hiyo ni tamthilia nzima ndani ya beti chache! Mlevi wa baa hana subira. Ukizembea mstari mmoja tu, kakugeuzia mgongo kaagiza nyingine. Niliporudi kuandika nilianza kusimulia vipande vya mazungumzo yangu kati ya wimbo na wimbo, na pale watu walipoanza kupiga soga ndipo nilipokata. Hakuna mhariri aliyewahi kunisaidia hivyo.

Bendi yao waliivunja wenyewe 2014, baada ya miaka 25. Wakati huo Kirwan alikuwa na tamthilia ya muziki, Hard Times, iliyooneshwa New York 2012. Ilifika Broadway, kwenye kumbi kubwa za maonesho za New York, 2022 kwa jina la Paradise Square. Miaka kumi! Na njiani iliguswa na mikono mingi: hadithi ilikuwa na waandishi watatu, muziki kwa sehemu kubwa ni wa Jason Howland. Iliteuliwa mara 10 kuwania Tuzo za Tony, tuzo kuu za maonesho ya Broadway, na ilifungwa kabla ya kutimiza miezi minne.

Kwa hiyo kabla ya zoezi la kwanza, andikianeni nani katunga nini na jina lake litakaa wapi. Kazi yangu moja ilipanda jukwaani, bango likabandikwa mji mzima, jina langu halimo. Makubaliano tuliyatia saini, ndiyo, ila nakala ilikuwa moja tu, na ilibaki kwenye droo ya mtayarishaji. Imo humo mpaka leo.