ULIZA UJIBIWE: Risasi za Indiana zikifika Illinois

SWALI: Ndugu mwandishi, habari za kazi. Mtoto wa dada yangu alishinda ile bahati nasibu ya grinikadi akahamia Marekani, yuko jimbo la Indiana anafanya kazi kwenye maghala. Wenzake wa kazini wamemuingiza kwenye uwindaji, kanunua shotigani na maboksi ya risasi kihalali dukani, sasa wanataka kwenda kuwinda Wisconsin. Juzi kanipigia kwa WhatsApp ana wasiwasi, kuna mtu kamwambia wakipita Illinois na hizo risasi anafungwa kwa sababu hana kadi. Nikamwambia achana naye, nchi moja itakuwaje na sheria mbili? Mimi nikipanda treni hapa Tabora mpaka Kigoma, Urambo, Kaliua, Nguruka, Uvinza kote sheria ni ile ile. Nani mkweli hapo? (Mjomba mtu, Kiloleni, Tabora)

JIBU: Shikamoo mzee wangu. Yule mtu wa kadi hajasema uongo ila kasimulia nusu, na wewe naomba radhi, hiyo ya treni huku kwetu ni kweli kabisa ila kule haifanyi kazi. Marekani kila jimbo lina bunge lake na sheria zake za silaha, juu yake ndio inakaa sheria ya serikali kuu ambayo kwa upande wa risasi ni nyepesi tu, inahusu zaidi nani hatakiwi kushika na umri wa kuuziwa. Muuzaji mwenye leseni hamuuzii risasi za bastola mtu wa chini ya miaka 21, za bunduki ndefu na shotigani ni 18. Zamani, kwa sheria ya 1968, serikali kuu iliibana sana biashara ya risasi kutoka jimbo moja kwenda lingine, mwaka 1986 Bunge lao likalegeza, ndio maana leo mtu anaagiza risasi kwenye intaneti jimbo la mbali zinamfikia mlangoni. Yaliyobaki wakaachiwa majimbo, na kila jimbo likashika njia yake.

Indiana ni legevu, unaingia dukani unalipa unatoka. Illinois jirani yake mkazi wa pale hata kukaa na risasi ndani ya nyumba anatakiwa awe na kadi inaitwa FOID, inatolewa na polisi wa jimbo, inadumu miaka 10. Hiyo ndiyo kadi aliyotishiwa nayo kijana. Lakini FOID ni ya wakazi! Mgeni anayepita, bunduki yake ikiwa haina risasi ndani na imefungwa kwenye kasha lake, sheria ya Illinois yenyewe inampa msamaha. Na njia ya kawaida ya gari toka Indiana kwenda Wisconsin inazunguka ziwa Michigan kwa chini unapita Chicago, kwa hiyo wawindaji wa Indiana kupita pale sio jambo geni. Ila siku kijana akihamia Illinois kikazi, hata kama ni mtaa wa pili tu kuvuka mpaka, msamaha wa mgeni umekwisha, aanze kushughulikia kadi.

Halafu kuna kinga ya serikali kuu, nayo ni ya 1986, inasema mtu anaruhusiwa kusafirisha bunduki kutoka sehemu anayoruhusiwa kuwa nayo kwenda sehemu nyingine anayoruhusiwa, hata akikatiza jimbo gumu katikati, masharti yake bunduki isiwe na risasi, na bunduki pamoja na risasi zote zisiwe mahali abiria anaweza kunyoosha mkono akachukua. Yaani buti. Kama gari halina buti iliyotengana na viti basi viwekwe kwenye kasha la kufungwa kwa kufuli, na wameandika kabisa kwamba kidroo cha dashibodi hakihesabiki hata kikiwa na ufunguo. Mwambie boksi la risasi lisikae miguuni kwa abiria eti ni nusu saa tu tunavuka.

Sasa mzee wangu nikusimulie kesi moja ambayo mimi ikinijia kichwani naona hii kinga watu wanaiamini kupita kiasi. Mwaka 2005 kuna bwana mmoja wa jimbo la Utah alipanda ndege kwenda Pennsylvania kuchukua gari alilonunua, arudi nalo kwao, kwenye begi la kuwekwa chini ya ndege kaweka bastola yake na risasi, kazitangaza uwanjani kama inavyotakiwa. Aliunganisha Newark, jimbo la New Jersey, pale mambo yakaharibika, safari ya kuunganisha ikakosekana, wakamuweka kwenye basi, begi likawa halipo kwenye basi, akashuka kulitafuta, basi likamuacha, akachukua begi lake akalala hoteli ya uwanjani. Asubuhi karudi kaunta, kama mtu mwaminifu akatangaza tena kwamba nina bastola humu. Wakamkamata palepale! New Jersey inataka kibali cha bastola na ina sheria kali kwa risasi zenye ncha ya tundu, zile zinazopanuka zikigonga, naye alikuwa nazo. Akakaa mahabusu siku kadhaa. Baadaye mashtaka yakafutwa lakini silaha zake zilichukua karibu miaka mitatu kurudi, akashtaki, na mwaka 2010 mahakama ya rufaa ikamwambia kinga haikukuhusu, kwa sababu usiku ule begi ulikuwa nalo mkononi, ungeweza kulifungua muda wowote. Majaji wenyewe walikiri kwamba bwana yule alikwama bila kupenda, na bado akashindwa. Angefanyaje sasa, alale uwanjani bila begi? Kwa mujibu wa mahakama angewaomba polisi au wahudumu wa uwanja wamhifadhie begi mpaka asubuhi. Nani angelijua hilo usiku wa manane na basi limeshamuacha.

Kwa hiyo ushauri wangu kwa kijana, apite Illinois moja kwa moja, kusimama kuweka mafuta na kula haina shida, asilale kwa rafiki Chicago siku mbili na shotigani iko kwenye gari, huko ndio anaanza kubishana na polisi kama yeye ni mpita njia au ni mgeni aliyefika. Wisconsin awe na leseni ya kuwinda ya asiye mkazi, ile ya Indiana haimsaidii kule.

SWALI: Mambo vipi kaka, mdogo wangu anasoma chuo California, rafiki zake wanaenda kulenga shabaha wikiendi. Wamemwambia risasi California usumbufu mwingi bora waendeshe mpaka Nevada au Arizona wanunue huko bei poa bila kuulizwa maswali warudi nazo. Kuna shida? (Dada wa Mwanga, Kigoma)

JIBU: Poa dada yangu, shida ipo na ni kubwa kuliko hao rafiki zake wanavyodhani, na wala haianzii California. Mdogo wako yuko kwa visa gani? Kama ni ya mwanafunzi basi sheria ya serikali kuu, sio ya jimbo, inamkataza kuwa na bunduki au risasi kabisa, iwe Nevada iwe Texas, isipokuwa awe na leseni halali ya kuwinda ya jimbo lolote au aingie kwenye misamaha mingine michache isiyowahusu wanafunzi. Adhabu yake tangu 2022 inafika mpaka miaka 15 jela, na akikutwa na hatia kufukuzwa nchini kunafuata nyuma. Hata lile boksi wakimwambia tushikie tu kidogo, asishike. Mwenye grinikadi kama yule mpwa wa mzee wa Kiloleni yuko kundi lingine, kwa risasi anahesabiwa karibu sawa na raia, ndio maana nimeanza na visa.

Tuje California sasa. Mwaka 2016 wananchi walipiga kura wakapitisha kwamba risasi ziuzwe kupitia muuza mwenye leseni, na tangu Julai 2019 kila ukinunua unakaguliwa rekodi yako kwanza. Mkazi wa pale tangu Januari 2018 haruhusiwi kuingiza risasi alizonunua jimbo lingine bila kuzipitishia kwa muuza mwenye leseni ndani ya California, hata ukiagiza mtandaoni zinafikia kwake sio kwako. Kosa la kwanza faini, ukirudia linapanda. Aliyeongoza kesi ya kuipinga hii sheria ni Kim Rhode, yule mlenga shabaha wa Olimpiki mwenye medali sita kutoka Olimpiki sita mfululizo, kuanzia Atlanta 1996 mpaka Rio 2016, hebu fikiria mtu huyo naye anapanga foleni kukaguliwa. Jaji wa San Diego alimpa ushindi Januari 2024, siku chache tu mahakama ya rufaa ikasimamisha ile hukumu, Julai 2025 majaji wawili kati ya watatu wa rufaa wakasema tena sheria inavunja katiba, na mabishano yakaendelea kupanda juu. Kwa mtu anayeendesha gari mpakani mimi naona kesi isiyokwisha sio ruhusa, kinachoangaliwa ni sheria inayotumika siku hiyo.

New York nao walianza kumkagua mnunuzi wa risasi Septemba 2023, unalipa dola 2.50 kila ununuzi. Connecticut wanataka cheti cha risasi, Massachusetts leseni. Na ukifika Washington DC mji mkuu, bila bunduki iliyosajiliwa pale hata risasi moja iliyosahaulika mfukoni inaweza kukupeleka mahakamani, kuna watalii yamewakuta.

SWALI: Mtu anaweza kuzituma risasi kwa posta? (Kijana, Kasulu)

JIBU: Posta ya serikali ya Marekani hapana, risasi hazipokelewi kabisa. Kampuni binafsi za mizigo zina masharti yao na zinataka mtumaji awe mfanyabiashara mwenye makubaliano nao. Kwenye ndege ni begi la chini tu, kwenye kasha gumu au boksi lake, unatangaza kaunta, na mashirika mengi kikomo ni kilo 5. Begi la mkononi usijaribu.

SWALI: Mimi nina bunduki yenye leseni, naishi Urambo. Mwanangu yuko huko Marekani anasema risasi bei rahisi, aniletee maboksi mawili akija Desemba? (Baba wa Urambo)

JIBU: Baba, hapana, asije nazo hivyo. Kutoa risasi Marekani kuna sheria zao za kusafirisha nje, na kuingiza hapa kunahitaji kibali chini ya Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya 2015, hata wale wawindaji wa kitalii wanaokuja na bunduki zao wanaombewa vibali kabla hawajapanda ndege. Leseni yako wewe haimfuniki yeye pale uwanja wa ndege, risasi zikikutwa kwenye begi lake mwenye kosa ni yeye. Nenda polisi wilayani na leseni yako uulize utaratibu wa kununua hapahapa, itakuwa ghali kidogo ila mwanao atalala nyumbani Krismasi. Na wewe wa Kaliua uliyeuliza kuhusu gobore la babu lisilo na karatasi, barua yako nimeipata ila hiyo sitaijibu gazetini, mtafute wakili kwanza ndio mwende wote kituoni.