Mgombea "binafsi" wa 1853 alijitenga na nani?

SWALI: Natafsiri makala kuhusu uchaguzi mkuu wa kwanza wa New Zealand, mwaka 1853. Nimeandika: "Wabunge wote 37 walikuwa wagombea binafsi." Mwenzangu anataka niandike "wagombea huru". Nani yuko sahihi? (Msomaji, Morogoro)

JIBU: Hakuna. Andika "wagombea", uishie hapo.

Mgombea binafsi ni mtu anayesimama bila kudhaminiwa na chama, pale ambapo vyama vipo. Watanzania tunalijua neno hilo kwa jasho la mahakamani: Mchungaji Christopher Mtikila alilipigania hadi Mahakama ya Afrika, Arusha, iliyompa haki mwaka 2013. Wakenya husema pia mgombea huru. Yote mawili yanadai kuwepo kwa chama ambacho mtu amekikwepa au kimemkataa. Koloni la New Zealand halikuwa na chama hata kimoja. Palikuwa na makundi, wengine wakitaka serikali kuu yenye nguvu, wengine wakitetea majimbo. Chama cha Liberal kilikuja miaka ya 1890. Ukimwita mgombea wa 1853 "binafsi", umemwita mjane mwanamke ambaye hajaolewa.

Nami nina ugomvi wa siku nyingi na neno hili. Asili yake ni Kiarabu, bi na nafsi, yaani kwa nafsi. Ni neno zuri, lakini tumelifanya chumvi ya kila chungu. Juzi nimemsikia mtu redioni: "Mimi binafsi nilipiga kura yangu mwenyewe." Ihesabuni sentensi hiyo. "Mimi" ni yeye. "Binafsi" ni yeye. "Ni-" ya kitenzi ni yeye. "Yangu" ni yeye, na "mwenyewe" ni yeye tena. Mpiga kura mmoja ametajwa mara tano, na kura bado ni moja! Kiswahili kilishampa "nilipiga kura", nafsi ikiwa ndani ya kitenzi. Akitaka mkazo, aanze na "mimi". Hilo "binafsi" halimwongezei kitu. Linatuchosha sisi tunaosikiliza. Siku hizi hata wanafunzi huanza insha kwa "mimi binafsi naona", na walimu wanaweka vema. Walimu, tafadhali, likateni.

Lakini usilifute katika makala yako, ndugu yangu. Lihamishe. Mwaka 1853 mpiga kura alitakiwa awe mwanamume wa miaka 21 au zaidi, mwenye mali: ardhi ya thamani ya pauni 50, kwa mfano, au nyumba ya kupanga yenye kodi ya kiwango kilichowekwa. Wamaori, wenyeji wa asili wa New Zealand, walimiliki ardhi yao kwa pamoja, kwa ukoo na kabila. Sheria ilitaka hati ya mtu mmoja mmoja, kwa hiyo karibu wote wakaachwa nje ya uchaguzi katika nchi yao wenyewe. Viti vinne vya Wamaori vilikuja mwaka 1867.

Hapo ndipo pa kuandika "binafsi". Sentensi yako iwe hivi: "Wagombea hawakuwa na vyama, Wamaori wengi hawakupiga kura kwa sababu ardhi yao haikuwa miliki binafsi."